Ushuru wa Pombe Iliyopotea

Tafakari, ewe msomaji: je, pombe iliyopotea kabla haijawa kinywaji yaweza kutozwa ushuru? Swali hilo liliamuliwa na Mahakama ya Juu ya India mwaka 1995, katika kesi baina ya Serikali ya jimbo la Uttar Pradesh na kiwanda cha Modi Distillery.

Yafaa ujue kwamba spiriti ni kitu kisichotulia: mapipani hugeuka mvuke, na safarini huvuja. Tena mwenye hila aweza kuiuza kwa siri, kisha akasema imepotea. Kwa hiyo hasara ilipozidi kiasi kilichoruhusiwa, jimbo lilidai ushuru.

Lakini Katiba ya India, iliyoanza kutumika mwaka 1950, imelipa jimbo ruhusa ya kutoza ushuru wa bidhaa juu ya pombe ya kunywewa na watu, wala si pombe nyingine. Spiriti yenye nguvu ya asilimia 95 hainyweki mpaka itengenezwe na kuzimuliwa kwa maji. Basi majaji wakakata shauri: iliyopotea kabla ya hapo haina ushuru wa jimbo.

Kumbuka, basi, ya kuwa Serikali, hata iwapo ina sababu ya kushuku, haiwezi kutoza rupia moja pasipo idhini ya sheria.