Mtoto wa Rehani: Ulezi wa Watoto wa Watu katika Nchi za Usambara na Uzigua

Rehani ni neno ambalo wasomaji wa leo hulihusisha na benki. Mtu huweka hati ya nyumba au ya shamba, hupewa fedha, na akilipa deni hurudishiwa hati yake. Katika karne ya 19, katika nchi iliyo kati ya mto Pangani na milima ya Usambara, kitu kilichowekwa rehani aghalabu kilikuwa mtoto. Mtoto huyo alilala katika nyumba ya mtu mwingine, alikula chakula cha mtu mwingine, alichunga mbuzi wa mtu mwingine, na siku za kukaa kwake huko zilikuwa mikononi mwa watu wawili wazima, mweka rehani na mpokea rehani, ambao pengine walikuwa hawapatani.

Nimechagua kuanza na habari hii kwa sababu mazungumzo yetu juu ya watoto wanaoteswa na walezi wao yamejaa madai mawili ambayo yote mawili hayaniridhishi. Wako wasemao kuwa zamani mtoto alikuwa wa kijiji kizima, na kuwa ukatili juu ya mtoto wa kulea ni ugonjwa wa siku hizi. Wako na wengine wasemao kuwa zamani hapakuwa na ulezi wowote kwa mtoto asiye na wazazi, bali utumwa mtupu. Mtu aketiye leo Kwashemshi, wilayani Korogwe, mahali ambapo Wasambaa, Wabondei, Wazigua na wageni wa mashamba ya mkonge wamechanganyika, atayasikia madai yote mawili katika baraza moja. Historia ya nchi ile ile yaonyesha jambo la tatu.

Tuitazame kwanza rehani yenyewe jinsi ilivyotenda kazi. Mtu aliyefikwa na faini ya baraza, au deni, au njaa, alimpeleka mtoto kwa mwenye mali. Kwa Wazigua mjomba alikuwa na sauti kubwa juu ya watoto wa dada yake, na mara nyingine ndiye aliyekata shauri. Kazi aliyoifanya mtoto haikupunguza deni hata kidogo. Ilikuwa kama faida ya mkopeshaji. Mtoto aliweza kukaa miaka mingi akilima na kuchota maji, na deni likabaki kama lilivyokuwa siku ya kwanza. Kwa macho yetu huo ni uonevu, wala sioni haja ya kuupamba.

Lakini mtoto wa rehani hakuwa mtumwa, na watu wa zamani waliijua sana tofauti hiyo. Mtumwa alikuwa mtu aliyekatwa na jamaa zake. Mtoto wa rehani alikuwa na watu waliojua yuko wapi. Mpokeaji hakuwa na haki ya kumwuza, na akimwuza alijitia katika ugomvi na ukoo mzima. Baba, mjomba au shangazi aliweza kufika wakati wowote kumtazama, na mtoto akionekana amekonda au ana alama za fimbo, habari zilirudi nyumbani na maneno yakaanza. Kwa hiyo ulinzi wa mtoto haukutegemea huruma ya mwenye nyumba. Huruma ni kitu kizuri, lakini huja na kwenda. Ulitegemea kuwapo kwa mtu wa nje aliyekuwa na haki ya kuuliza, na nguvu ya kulazimisha jibu. Methali yetu husema kuwa mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Nimeipenda tangu utoto, ila naona yamtaja mlezi peke yake, na haimtaji anayemkagua mlezi.

Msomaji asidhani kuwa ukoo ulikuwa ngao wakati wote. Kisa cha Mbega, mwanzilishi wa utawala wa Wakilindi, kinatosha kutuzuia. Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy amekisimulia katika Habari za Wakilindi, kitabu kilichotolewa tena mwaka wa 1962 kwa uhariri wa J. W. T. Allen. Mbega alizaliwa Ngulu, akaota meno ya juu kabla ya yale ya chini. Mtoto wa namna hiyo aliitwa kigego, na desturi ya nchi ilimhesabu kuwa mkosi wa kuondolewa duniani. Wazazi wake hawakumtoa auawe. Walipokufa, wale wale waliopasika kuwa walezi wake walimnyima urithi na kumchukia, na mwisho akaihama nchi akiwa mwindaji mwenye mbwa wake. Wasambaa husimulia habari hii kama mwanzo wa ufalme, na ni haki yao. Mimi huisoma pia kama habari ya yatima aliyedhulumiwa na jamaa zake mwenyewe, bila mtu wa juu yao wa kumwamulia.

Sasa tuone yaliyotokea pale haki ya kuuliza ilipokatika kwa watu wengi kwa mara moja. Katika miaka ya 1830 njaa kubwa iliishika nchi ya Uzigua. Watu waliteremka pwani kutafuta chakula, wakaweka rehani watoto wao, na wengine wakajiweka wenyewe. Katika mwaka wa mavuno mabaya ya kawaida, jamaa wangalivuna msimu uliofuata na kwenda kukomboa. Safari hii mkombozi alikuwa amekufa, au yeye mwenyewe yu katika mikono ya mtu. Wengi walipakiwa majahazini na kupelekwa kaskazini mpaka pwani ya Benadiri, katika nchi tunayoiita leo Somalia, na masimulizi ya wajukuu wao husema kuwa walidanganywa kwa ahadi za chakula na kazi. Huko mtoto hakuwa tena rehani ya mtu yeyote. Bahari ilikuwa kati yake na kila aliyejua jina la mama yake.

Baadhi yao walitoroka wakaingia katika misitu ya bonde la mto Juba, na masimulizi humtaja Wanakhucha kuwa kiongozi wao. Walijenga vijiji, wakalima, na jambo linalonishangaza kila nilifikiripo ni kuwa waliendelea kusema Kizigua kizazi baada ya kizazi. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipoivunja Somalia mwaka wa 1991, baadhi ya wazao wao walikimbilia Tanga. Mwaka wa 2003 wakapewa makao huko Chogo, wilayani Handeni, na wengi baadaye wakapokea uraia wa Tanzania. Wenyeji waliwasikia wageni hao wakisema lugha yao. Ilikuwa imepita zaidi ya miaka 160 tangu njaa ile. Sijui mfano mwingine katika Afrika ya Mashariki wa watoto waliowekwa kwa watu, wakasahauliwa, kisha wajukuu wao wakarudi wenyewe kuuliza.

Upande wa milimani mambo yaliharibika kwa njia nyingine. Katika siku za Kimweri ye Nyumbai, yule aliyetembelewa na Krapf mwaka wa 1848 na tena mwaka wa 1852, mashauri ya nchi yaliweza kupelekwa Vugha. Haikuwa serikali ya upole, na mfalme mwenyewe alijaza jumba lake watu waliokuwa wamefungwa na madeni na faini. Hata hivyo palikuwa na baraza moja ambalo kila mwenye nyumba alilicha. Kimweri alifariki yapata mwaka wa 1862, na wanawe na wajukuu wake wakapigania urithi. Semboja, aliyekaa Mazinde karibu na njia ya misafara, alipata bunduki kwa urahisi kuliko ndugu zake wa milimani, na bei ya bunduki ilikuwa watu. Steven Feierman, katika kitabu chake cha mwaka wa 1974 juu ya ufalme wa Wasambaa, ameeleza jinsi vita hivyo vilivyogeuza nchi kuwa mahali pa kutekana na kuuzana. Mtoto aliyekuwa rehani katika nyumba ya mtu alikuwa karibu na mkono kuliko mateka wa mbali. Nani angalikuja kumdai, na kwa njia ipi, hali njia zote zilikuwa na watu wa kuteka?

Kuhusu namna deni lilivyomla mtoto tunao ushahidi wa mtoto mwenyewe, ingawa watoka mbali na Usambara. Swema alikuwa msichana wa Kiyao. Mama yake, mjane, alikopa nafaka akashindwa kulipa, na mkopeshaji akamchukua binti na kumtia katika msafara wa pwani. Mama alifuata nyuma akafa njiani. Swema alifika Unguja akiwa hana dalili ya uhai, akafukiwa katika kaburi fupi, akasikiwa akilia, akafukuliwa na kupelekwa kwa mapadre na masista wa Kifaransa. Masimulizi yake yaliandikwa nao katika miaka ya 1860, kwa hiyo kalamu ni yao. Lakini deni lile, na magunia yale ya nafaka, hayana sura ya kubuniwa. Wavulana wa shule ya Kiungani, Unguja, nao waliandika habari za utoto wao, na A. C. Madan akazitoa kwa Kiingereza mwaka wa 1887. Humo mtoto hupita mikono ya watu wengi, na kila mkono humjua kidogo kuliko mkono uliotangulia.

Wamisionari waliwapokea watoto kama hao, wakawalisha na kuwafundisha. Mwaka wa 1864 Sultani alimpa Askofu Tozer wavulana watano waliokamatwa katika jahazi la watumwa, na kazi ya ulezi ya Kiungani na Mbweni ilikua kutoka hapo. Lakini haifai kuiandika sura hii kwa asali tupu. Huko Bagamoyo, ambako Wakatoliki walianzisha makao makubwa mwaka wa 1868, watoto na vijana walifanya kazi nyingi za shamba chini ya amri kali, na mara kwa mara walitoroka. Mlezi alikuwa mwema katika nia yake, na mtoto hakuwa na ndugu wa kuja kumtazama Jumapili. Hali hizo mbili zikikutana, hata nyumba ya sala huweza kuwa nyumba ya adha.

Utawala wa Kiingereza ulifuta utumwa katika Tanganyika kwa sheria ya mwaka wa 1922, na rehani ya watoto ikawa jambo la kuficha. Watoto wenyewe hawakuacha kukaa katika nyumba za watu. James Giblin, aliyeandika mwaka wa 1992 juu ya Handeni, ameonyesha kuwa wakubwa wa zamani, waliokuwa wakiwapokea wanyonge wakati wa njaa, walipoteza uwezo huo chini ya wakoloni. Wakati huo huo mkonge, ulioletwa na Dakta Hindorf mwaka wa 1893, ulivuta manamba kutoka pande zote za nchi mpaka mashamba ya Korogwe. Mtoto wa manamba aliyefiwa na wazazi shambani alikuwa na jamaa, lakini jamaa hao walikuwa mwendo wa siku nyingi, pengine hawana hata habari ya msiba.

Leo tunayo Sheria ya Mtoto ya mwaka wa 2009, na ndani yake malezi ya kambo yamepewa sura ya kisheria. Afisa ustawi wa jamii huchunguza nyumba kabla ya mtoto kuingia, na humfuata mtoto baada ya kuingia. Na kila mwananchi ajuaye kuwa mtoto anadhulumiwa amepasika kutoa habari. Nikiisoma naona ni haki ile ile ya kuuliza, imeondolewa mabegani mwa shangazi na kuwekwa mezani pa serikali. Shida ni kuwa sheria humfikia mtoto aliyeandikwa. Watoto walio wengi katika vijiji vyetu hawakuwekwa na mahakama. Waliletwa na basi, na mfuko wa nguo, baada ya mazishi. Uchunguzi wa taifa wa mwaka wa 2009, uliotangazwa mwaka wa 2011, ulionyesha kuwa karibu robo tatu ya vijana waliohojiwa walipigwa na kuumizwa kabla ya kutimiza miaka 18, wengi wao na jamaa au walimu. Na karibu wasichana 3 katika kila 10 walitendewa ukatili wa kingono.

Miaka mitatu ya utoto wangu niliikaa Kwashemshi katika nyumba ya jamaa, na katika nyumba ile alikuwamo mvulana mmoja aliyeletwa baada ya mazishi. Sisi tulikula katika sinia moja. Yeye alikula jikoni, baada ya kuosha sinia. Hatukuliona kuwa neno, kwa maana tulikuta mambo yakiwa hivyo. Siku moja shangazi yake alifika kutoka Handeni kwa miguu yenye vumbi, na kuku mkononi. Aliamkiwa, akapewa kiti barazani. Akamwita mtoto, akamvua shati mbele ya watu wote, akamgeuza, akautazama mgongo wake kwa kitambo kirefu. Kisha akamvika tena, akaomba maji ya kunywa. Juma lile lote, na mwezi ule, yule mvulana alikula nasi katika sinia. Shangazi hakuja tena, na kabla ya mvua za masika alikuwa amerudi jikoni.