Abiria hewa na majeruhi wa kweli (Mfululizo wa Barabarani, sehemu ya 4)

Baada ya sehemu ya 3 wengi mmeniuliza kwa meseji: "Nesi, mtu akiumia kwenye Costa bima inalipa kweli? Mbona wanasumbua watu hivyo?" Jibu lake lina umri wa miaka 80 hivi, kwa hiyo weka chai karibu.

Waingereza walilazimisha bima ya gari kwao mwaka 1930. Mtu alikuwa anagongwa, anashinda kesi, halafu mwenye gari hana hata senti ya kumlipa. Sheria ya namna hiyo ikaletwa huku mwaka 1945. Tanganyika ikawa na Sheria ya Bima ya Magari, ile Sura ya 169, ambayo ipo mpaka leo na marekebisho yake. Ndiyo iliyozaa hiyo tunayoita bima ndogo. Wengi hudhani bima ndogo inamlinda mwenye gari. Shabaha yake ni wewe uliyeumizwa: mahakama ikimhukumu mwenye gari alipe, kampuni yake ya bima ndiyo inayofungua mkoba.

Sasa penye mkoba wazi, mkono wa mwongo hauko mbali.

Kwetu, kuanzia 1967 bima ilikuwa ya NIC peke yake, mpaka Sheria ya Bima ya 1996 ilipofungua mlango kwa kampuni binafsi. Kampuni zikaongezeka, na stika feki nazo zikaingia mtaani. Ila kwa mchezo wa madai ya uongo, twende kwa majirani zetu Kenya. Kule kampuni zilizokatia matatu bima zimeanguka moja baada ya nyingine: United Insurance iliwekwa chini ya msimamizi 2005, Blue Shield 2011. Uendeshaji mbovu ulichangia, tusidanganyane, lakini madai ya kughushi nayo yalitafuna. Ndiyo maana mwaka 2011 wakaunda kitengo cha polisi cha kuchunguza udanganyifu wa bima tu.

Mchezo wenyewe huwa hivi. Ajali ni ya kweli, gari la viti 14, polisi wameandika majeruhi sita. Miezi inapita, wanajitokeza wadai ishirini! Hao walioongezeka ndio abiria hewa. Kila mmoja ana fomu ya polisi na karatasi ya daktari, na wengi wanalalamika shingo na mgongo, maana maumivu hayo hayaonekani kwenye picha. Kesi zinafunguliwa mahakama tofauti ili hakimu mmoja asizione zote. Mfupa nao hausemi uongo: uliovunjika leo hauna kovu kwenye eksirei, kovu huanza kuonekana baada ya wiki mbili tatu kwa mtu mzima, mapema zaidi kwa mtoto. Mtu akisema kavunjika juzi na picha inaonyesha kovu lililokomaa, hapo kuna maneno.

Kampuni ikishtuka hukata rufaa, au hufungua kesi yake kupinga. Jaji anarudi kwenye karatasi za mwanzo. Kitabu cha polisi cha siku ile kimeandika nani? Rejista ya hospitali inasema nini? Daktari alimwona mgonjwa kwa macho yake?

Lakini kampuni nayo haiwezi kusema "huyu tapeli" ikaishia hapo. Mwaka 1957 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika shauri la Ratilal Patel na Lalji Makanji, iliweka msimamo ambao majaji wetu wanaunukuu mpaka leo. Anayedai kuna udanganyifu lazima authibitishe kwa uzito unaozidi kesi ya kawaida ya madai, hata kama haufiki ule wa jinai. Shauri lenyewe halikuwa la magari, ila kanuni yake inamlinda mama mwenye mguu uliovunjika kweli. Na mimi naona ni haki, kwa sababu neno "tunachunguza" linaweza kumweka mtu miaka huku watoto wanafukuzwa shule kwa ada.

Mnakumbuka Juni 28, 2025, pale Sabasaba, Same. Basi na Costa ziligongana zikaungua, wakafa watu wasiopungua 38, na miili mingi ilibidi itambuliwe kwa vinasaba. Hapo sizungumzii uongo wa mtu yeyote. Nataka uone ugumu: Costa haina orodha ya abiria. Familia iliyofiwa inabaki kuonyesha kwamba mtu wao alikuwa ndani. Meseji ya "nimeshapanda", risiti ya nauli, aliyemsindikiza stendi, vipimo vya vinasaba, cheti cha kifo, vyote hivyo vinakuwa ushahidi.

Sasa turudi hapa Shighatini. Mtu anaumia kwenye kona za kushuka Mwanga, anapelekwa nyumbani, anachuliwa na mafuta, siku ya nne mguu umevimba ndipo analetwa. Sisi tunaandika tarehe ya siku ya nne, hatuwezi kuandika nyingine. Wakili wa kampuni ataliona pengo hilo kabla hajaona jina lako.

Kwa hiyo nenda kituoni siku hiyo hiyo, hata kwa mchubuko, na mtoto naye apimwe hata kama anacheza. Mahututi anahudumiwa kwanza, PF3 inafuata, ila ifuate kweli. Sema jina lako lile lile la kwenye kitambulisho, siyo Mama Neema polisi na jina lingine hospitali. Piga picha namba ya gari, kisha uhakiki bima yake kwenye mfumo wa TIRA. Kampuni ikizungusha, kuna Ofisi ya Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, na mahakama ipo. Kesi ya kuumizwa kwa uzembe ina ukomo wa miaka 3.

Na akija mtu wodini anakuahidi hela ukubali kumwandika shemeji yako kwamba naye alikuwa kwenye gari, mwambie atoke. Faili litakalotiliwa shaka ni lako.

Sehemu ya 5 ni bodaboda. Maswali yaacheni hapa chini, nikitoka zamu nitajibu.