Mbegu Mgeni, Mkono Mwenyeji

Ukimuuliza mtu wa Baraka au wa Fizi, mashariki mwa Kongo, chakula cha mababu zake ni kipi, jibu halichelewi: bugali wa muhogo, sombe iliyotiwa mawese, ndakala, yaani dagaa, wa ziwa. Ukimuuliza mtu wa Fez au Marrakech, naye hasiti: kuskusi ya Ijumaa, supu ya harira, chai ya kijani yenye nanaa. Majibu yote mawili hutolewa kwa fahari, na fahari hiyo ina haki yake. Lakini ukikifuata kila kiungo hadi kilikotoka, utakuta sehemu kubwa ya masinia hayo mawili ni wageni wa juzi. Nasema ugeni huo hauharibu uasili wa chakula hata kidogo, kwa sababu uasili umo katika kazi: namna ya kuloweka, kusonga, kukausha, kubadilishana. Na hoja hii inapimika vizuri kwenye mteremko unaoshuka kutoka vijiji vya Bibokoboko, juu milimani, hadi mji wa Baraka ufukweni mwa Ziwa Tanganyika. Mji huo una jina ambalo Mmoroko angelitambua mara moja: kwao baraka ni ile heri inayoombwa kwenye kaburi la walii na mbele ya chakula. Neno moja limesafiri jangwani na baharini, likafika huku na kule, na hakuna anayeliita la kukopa.

Shahidi wa kwanza ni Mmoroko. Ibn Battuta, aliyezaliwa Tanja mwaka 1304, alifika Mogadishu, Mombasa na Kilwa mwaka 1331, na kwa bahati njema alikuwa msafiri anayetazama sahani. Mogadishu alipewa wali uliopikwa kwa samli, juu yake vitoweo vya nyama, kuku, samaki na mboga. Pembeni palikuwa na ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, maziwa ya mgando, malimau ya achari, tangawizi mbichi na maembe. Mombasa aliona watu wakila ndizi na samaki. Kinachoshtua katika orodha hiyo ni vile visivyokuwemo. Hamna muhogo, hamna mahindi, hamna nyanya, karanga wala kiazi kitamu. Na kwao Tanja nako hapakuwa na mtu aliyewahi kukata nyanya au kuchemsha chai. Mimea ya Amerika ilianza kuvuka bahari baada ya 1492, zaidi ya karne moja na nusu baada ya safari yake. Angefufuka leo akaketi mkekani Baraka, au mezani nyumbani kwao, angekuwa mgeni kote kuwili.

Tukianza na Moroko, chai ndiyo inayowatatiza zaidi wapenda asili safi. Katika karne ya 18 ilikuwa kitu cha masultani na wageni wao. Ilienea kwa watu wa kawaida katika karne ya 19, hasa baada ya Vita vya Krimea vya 1853 hadi 1856 kuwafungia wafanyabiashara wa Kiingereza masoko ya kaskazini mwa Ulaya, wakaleta shehena zao za majani ya Kichina Tanja na Essaouira. Majani ni ya China. Nanaa ni ya bustanini. Lakini ile birika inayoinuliwa juu, chai ikimwagika kwa uzi mrefu hadi povu litande kwenye bilauri ndogo, hiyo ni ya Moroko. Harira kwa kawaida hupikwa kwa nyanya, tunda la Amerika. Kuskusi yenyewe ina habari kubwa zaidi. Tunaifahamu ya ngano, na ipo ya shayiri, lakini Wamoroko wana nyingine waiitayo badaz, ya mahindi. Mahindi yalipofika, mikono ilikuwa imeshajua kunyunyiza maji na kuviringisha unga hadi uwe chembechembe, kisha kuupika kwa mvuke. Mmea mpya ukaingizwa katika umbo la zamani. Ndiyo maana UNESCO ilipoiorodhesha kuskusi mwaka 2020, kwa ombi la pamoja la Moroko, Algeria, Tunisia na Mauritania, kilichoandikwa katika orodha ni maarifa, ujuzi na desturi. Nafaka haikuorodheshwa.

Jambo hilohilo limetokea Kongo, na kwa uzito zaidi, kwa kuwa muhogo unaweza kuua. Wareno waliuleta kutoka Brazili hadi pwani ya mto Kongo katika karne ya 16, nao ukaenea bara kwa miguu ya watu. Muhogo mchungu una sumu ya sianidi. Wenyeji wa Brazili walikuwa na njia yao kuu: huukwangua, huukamua katika kikapu kirefu cha kufuma, kisha huukaanga uwe chenga kavu. Njia iliyotawala Kongo ni nyingine. Mizizi hutumbukizwa mtoni au ndani ya pipa, siku tatu au nne, mpaka ilainike na kutoa ile harufu kali ambayo kila mtu wa Fizi anaijua kabla hajafika kijijini. Ngozi huvuliwa kwa kidole, uzi wa katikati huchomolewa, nyama yake nyeupe huanikwa juu ya mawe au mikeka, hutwangwa na kuchekechwa. Unga ukipatikana husongwa bugali, kama ulivyosongwa unga wa mtama na wa ulezi vizazi vingi kabla Mreno hajaonekana. Umbo la bugali, basi, ni la zamani kuliko mmea uliomo ndani yake, sawasawa na badaz. Na majani ambayo yangeweza kutupwa yamekuwa sombe, yaliyotwangwa hadi kuvunjika na kuchemshwa kwa muda mrefu, jambo ambalo nalo huondoa sumu.

Ujuzi huu si pambo. Mwaka 1938 daktari Trolli aliandika juu ya ugonjwa wa Kwango, magharibi mwa nchi, unaopoozesha miguu ghafla. Wenyeji waliuita konzo, neno la Kiyaka. Umejulikana baadaye kuwa unawapata watu wanaokula muhogo mchungu usiolowekwa vya kutosha, huku chakula chao kikiwa hakina nyama, samaki wala kunde za kutosha. Njaa au haraka ikifupisha siku za kuloweka, mwili ndio unaolipa. Kwa hiyo anayesema muhogo ni wa Brazili anasema kweli kuhusu mmea, ila hajasema lolote kuhusu chakula. Mmea bila wanawake walioujua muda wake wa majini ulikuwa sumu tu.

Kuna atakayesema kwamba muhogo haukupendwa bali ulilazimishwa. Ni kweli kwa sehemu. Tangu 1917 serikali ya kikoloni ya Wabelgiji iliwawajibisha wanavijiji kulima mazao iliyoyataka, na anayekaidi alipigwa faini au kufungwa. Muhogo uliwapendeza watawala kwa kuwa nzige hawaumalizi. Lakini amri huishia shambani. Haikufika chunguni kumwambia mtu mawese kiasi gani yaingie kwenye sombe. Na baada ya mkoloni kuondoka, watu wa Fizi waliushika muhogo kwa sababu yao wenyewe, ya uchungu: chakula kilichofukiwa ardhini hakiibwi kirahisi wala hakichomwi. Katika uasi wa miaka ya 1964 na 1965, na tena tangu vita vya 1996, aliyekimbia angeweza kurudi baada ya miezi akaukuta shambani.

Ziwa nalo lina kumbukumbu yake. Wasafiri Waingereza Burton na Speke walifika Ujiji, ng'ambo ya mashariki, Februari 1858, na Aprili wakapanda mitumbwi wakapita Ubwari, rasi iliyo mbele ya Baraka, ambayo Burton aliidhania kisiwa. Aliyoandika juu ya Babembe wa ufuko huo ni matusi; hakukaa nao. Hata hivyo aliandika pia kwamba Uvira, kaskazini mwa ziwa, kulinunuliwa nafaka, vyombo vya chuma, nguo za magome ya miti, pembe na watumwa, na hapo ushahidi wake una faida hata kama moyo wake haukuwa safi. Soko lilikuwa hai. Wavuvi waliwasha moto usiku ndani ya mtumbwi kuwaita ndakala, kisha wakawachota kwa lusenga, wavu wa mpini mrefu. Baadaye moto wa kuni uliachia nafasi karabai, na karabai taa za betri. Chombo kimebadilika, wazo la kumdanganya samaki kwa mwanga limebaki. Akishaanikwa mchangani, ndakala ni mwepisi, haozi upesi, na anaweza kubebwa kichwani hadi mlimani.

Lakini neno watumwa halipaswi kupitwa haraka. Wali unaoliwa leo katika sikukuu za Waislamu wa Baraka ulipata nguvu bara pamoja na misafara ya Waarabu na Waswahili, na mashamba ya mpunga ya vituo vyao vya Nyangwe na Kasongo yalilimwa na watu waliotekwa. Moroko haina usafi zaidi: sukari ya Ahmad al-Mansur, sultani wa karne ya 16 aliyeuza sukari na kununua marumaru ya Italia kwa ajili ya kasri la El Badi, ilitoka katika mashamba yaliyotumia watumwa. Kusema chakula ni historia ya kukutana, ukaacha kusema wengine walikutana wakiwa na minyororo shingoni, ni kudanganya. Mikono ninayoisifu haikuwa huru siku zote, na waliofungwa nao walipika.

Juu Bibokoboko sinia linabadilika. Baridi inakataa mchikichi. Nyasi zinakubali ng'ombe. Hapo wameishi Banyamulenge wafugaji, pamoja na Babembe, Banyindu na Bafuliiru, na mlo ni maziwa, mahindi na maharage. Maziwa hugandishwa, kisha kibuyu husukwasukwa, mtu ameketi, kwa mwendo mmoja usiobadilika, mpaka sauti ya majimaji inakuwa nzito na siagi inajitenga. Wamoroko wa milimani nao hutoa siagi, wakaitia chumvi na kuiacha ikomae ndiyo smen, ambayo watu wa mjini huitamani kwenye kuskusi yao. Nchi zote mbili zina kanuni moja ya jiografia: mlima una mafuta ya mifugo, bonde lina nafaka au mizizi, na hakuna upande unaojitosheleza. Ng'ombe na siagi vilishuka. Muhogo, mawese, chumvi na ndakala vilipanda. Soko la katikati lilikuwa jiko la pamoja kabla chungu hakijawekwa motoni.

Hapa ndipo pingamizi zito linapotokea. Katika Fizi swali la nani mwenyeji na nani mgeni limemwaga damu, na mtu anaweza kuogopa kwamba makala yanayosema kila kitu kimetoka mbali yanampa mmoja silaha dhidi ya mwingine. Ninalijibu kwa tahadhari. Haki ya ardhi haithibitishwi kwa mapishi wala haifutwi kwa mapishi; ina njia zake. Ila anayedai kwamba kuna asili isiyochanganyika lazima aionyeshe mahali fulani, na jikoni hatoipata, si mlimani wala ufukweni. Bugali wake una Brazili ndani, na samaki anayempa nguvu mlimani amepanda kwa mikono ya jirani.

Mchanganyiko huo unaendelea, mara nyingi kwa sababu mbaya. Waliokimbilia Tanzania mwaka 1996, wengi wakaishia kambi ya Nyarugusu, waliishi kwa mgao wa unga wa mahindi. Meli zilipoanza kuwarudisha kutoka Kigoma hadi Baraka Oktoba 2005, walikuja na watoto waliozaliwa kambini, ambao muhogo wa kulowekwa ulikuwa kwao ndio chakula kigeni. Leo nyumba nyingi zinasonga unga wa aina mbili katika sufuria moja. Oktoba 2021 vijiji vya Bibokoboko vilishambuliwa, watu wakashuka mteremko uleule wa zamani, safari hii bila siagi ya kubadilisha, maana katika vita vya nyanda hizo ng'ombe wengi wameporwa. Walikaa Baraka, karibu na ndakala na muhogo, katika mji ambako zamani walikuja kuuza. Anayejua kusuka maziwa bado anajua. Kibuyu hakina kitu.