Guido Seeber

Guido Seeber (Chemnitz, 22 Juni 1879 – Berlin, 2 Julai 1940) alikuwa mpiga picha za sinema, fundi na mwandishi wa Ujerumani. Ni miongoni mwa waasisi wa sinema ya nchi hiyo, ingawa mara nyingi hutajwa nyuma ya waongozaji na waigizaji ambao filamu zao zilitegemea mkono wake.

Maisha ya awali

Baba yake, Clemens, alikuwa mpiga picha mjini Chemnitz, na kwake Guido alijifunza ufundi huo. Mwishoni mwa miaka ya 1890 baba na mwana wakaingia katika sinema. Julai 1900 Guido alirekodi askari wakiondoka Bremerhaven kwa meli kwenda vitani China. Alijaribu pia kuoanisha picha na sauti ya santuri.

Babelsberg na Prague

Akiwa mkuu wa ufundi wa kampuni ya Deutsche Bioscop, Seeber alichagua kiwanja huko Neubabelsberg, karibu na Potsdam, penye jengo la kiwanda cha zamani cha maua ya bandia. Hapo ikajengwa studio ya kioo, kuta na paa, ili mwanga wa jua uingie. Februari 1912 ilianza kupigwa humo filamu ya Der Totentanz, mwongozaji akiwa Urban Gad na nyota wake Asta Nielsen.

Kazi yake kubwa kuliko zote ni Der Student von Prag (1913), iliyoongozwa na Stellan Rye. Paul Wegener anaigiza Balduin, mwanafunzi fukara anayeuza taswira yake ya kwenye kioo, kisha taswira hiyo ikamwandama kila aendako. Seeber aliziba nusu ya picha, akampiga Wegener upande mmoja, akarudisha mkanda nyuma, akaziba upande wa pili na kumpiga tena. Kamera haikuruhusiwa kutikisika hata kidogo. Kwa kuwa ilizungushwa kwa mkono, mwendo wa raundi zote mbili ulipaswa kulingana, na mwigizaji alimkabili mtu ambaye hakuwepo. Matokeo yake ni ya kustaajabisha hata leo: Balduin wawili wanatazamana, na mshono hauonekani.

Kazi nyingine

Mwaka 1910 alichezesha njiti za kiberiti kwenye filamu, zikionekana kujipanga zenyewe. Alipiga Der Golem (1915) na, kwa mwongozaji G. W. Pabst, Die freudlose Gasse (1925) na Geheimnisse einer Seele (1926), ambayo ndoto zake zilihitaji ustadi wake wote wa kupandanisha picha. Kipho (1925), tangazo fupi alilotengeneza na Julius Pinschewer kwa maonyesho ya sinema na picha mjini Berlin, ni hazina ndogo ya mbinu zake. Mwaka 1927 alichapisha kitabu kinachofundisha mbinu hizo hatua kwa hatua, bila kuficha siri.

Urithi

Studio za Babelsberg, zilizoanzia kwenye kiwanja alichokichagua Seeber, zimeendelea kutumika kwa zaidi ya miaka 100.