Barafu za Ukwaju na Mshahara wa Serikali

Historia ya uchumi wetu wa miaka ya 1980 huandikwa kwa kufuata mazungumzo na Shirika la Fedha la Kimataifa. Mimi huwataka wanafunzi wangu waanzie kwenye friji. Ukwaju ulowekwe, uchujwe, utiwe sukari (nayo siku hizo ilikuwa adimu), umiminwe katika vifuko vyembamba, ufungwe fundo, ugande usiku kucha. Asubuhi mtoto auze mlangoni. Kwa barafu hizo, na kwa maandazi, nyumba nyingi za watumishi wa umma jijini Dar es Salaam zilifidia mishahara iliyoporomoka. Aili Mari Tripp, katika kitabu chake cha mwaka 1997, ameonyesha kwamba kaya za mjini ziliishi zaidi kwa miradi ya namna hii kuliko kwa mshahara.

Dola iliwatazamaje? Mwaka 1983 ilitunga Sheria ya Nguvu Kazi, na wengi waliojitafutia riziki mjini wakahesabiwa wazururaji. Azimio la Arusha lilikwisha kumkataza kiongozi mishahara miwili. La friji ya mkewe halikutajwa. Masharti hayo yalilegezwa Zanzibar mwaka 1991, barafu zikiwa zimeshasomesha watoto.