Aliyeachwa Anapoimba na Mashine

Novemba 1981, kundi la Human League la mji wa Sheffield, Uingereza, lilitoa wimbo uitwao "Don't You Want Me". Ngoma zake hazikupigwa na mkono wa mtu. Zilitoka kwenye mashine ya Linn, na muziki mwingine ukatoka kwenye sinthesaiza. Kisa chake ni cha kila siku. Mwanamume analalama kwamba alimkuta mwanamke akihudumu kwenye baa, akamfanya nyota, na leo yeye ndiye anayetupwa. Mwanamke anajibu kwamba hata bila yeye angefika. Wimbo ulishika namba moja Uingereza, na Krismasi ikaukuta hapo hapo. Mwaka huo huo Soft Cell nao walitamba na "Tainted Love", kilio kingine cha mapenzi yaliyoharibika. Watu wakazoea jambo ambalo zamani lingewashangaza: kifaa kisicho na moyo ndicho kilichobeba uchungu wa moyo.

Musoma, mji wa Mkoa wa Mara nchini Tanzania, haikuwa na habari hizo mwaka huo. Mpaka wa Tanzania na Kenya ulikuwa umefungwa tangu Februari 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipokuwa inavunjika, na njia ya Sirari mpakani, iliyozoea kuleta santuri kutoka Nairobi, haikuwa tena na biashara halali. Vita vya Kagera vya 1978 na 1979 vilikuwa vimekausha fedha za kigeni. Watu walipanga foleni ya sabuni na sukari, na betri ya redio ilitunzwa kwa taarifa ya habari. Nani angeagiza kinanda cha umeme?

Lakini kuachwa hakukungoja mpaka ufunguliwe. Mkoa wa Mara ulikuwa na nyimbo za watu walioachwa kabla ya umeme, kabla ya redio na kabla ya gitaa. Ukizifuata kutoka chombo kimoja hadi kingine, unagundua kwamba mashine ilipofika haikubadilisha mlio pekee. Ilibadilisha ni nani mwenye haki ya kulalamika, na analalamika mbele ya nani.

Nyuzi nane na ng'ombe wa watu

Chombo kikubwa cha Wakurya wa Mara ni litungu: kinubi chenye nyuzi nane, mwili wake ukiwa umewambwa ngozi, sauti yake nzito inayosikika tumboni kabla ya masikioni. Jirani zao Wajaluo wana nyatiti, nayo ya nyuzi nane. Mpiga litungu husifu mashujaa na mifugo, lakini pia husimanga. Aliyekimbiwa na mke, au aliyemfukuza mke bila sababu, anaweza kujikuta ndani ya wimbo mbele ya watu waliokuja kunywa na kucheza.

Kwa jamii nyingi za Mara, ndoa ilifungwa kwa ng'ombe. Ng'ombe hao hawakuwa wa bwana harusi peke yake. Walitoka kwa baba, kwa ndugu, na mara nyingi kwenye mahari ya dada aliyeolewa. Ndoa ikivunjika, lilizuka swali la nani arudishe nini, na wazee waliketi. Kwa hiyo kuachwa kulikuwa kesi ya ukoo, na wimbo wa kuachwa ulikuwa sehemu ya ushahidi na ya hukumu. Mhusika mwenyewe hakuimba. Aliimbwa.

Bendi na kiitikio chake

Muziki wa dansi ulipoenea mikoani baada ya uhuru, Musoma haikubaki nyuma. Ilikuwa na Mara Jazz, waliojulikana kwa mtindo wao wa Sensera, na ilikuwa na Musoma Jazz. Kama bendi nyingi za mikoani za wakati huo, hizi zilipiga gitaa la solo, la rithimu na la besi, na waimbaji walipokezana na kiitikio.

Mtu wa Butiama, huko huko Mara, alikuwa na mkono wake katika muziki huo. Desemba 1962 Julius Nyerere, alipohutubia kama Rais wa kwanza wa Tanganyika, alitangaza kuundwa kwa wizara ya utamaduni wa taifa na vijana, na akasikitika kwamba wasomi walijifunza rumba na chachacha huku ngoma za kwao hawazijui. Bendi zilisikia ujumbe huo kwa namna yao. Rumba haikuachwa, ila iliimbwa kwa Kiswahili, na mitindo ikapewa majina ya nyumbani. Redio ya serikali, iliyokuwa Radio Tanzania Dar es Salaam kuanzia 1965, ndiyo ikawa studio kuu ya nchi. Bendi ya mkoani iliyotaka kusikika ilisafiri hadi Dar es Salaam, mashairi yake yakakaguliwa, ikarekodi, ikarudi nyumbani kusubiri wimbo upigwe.

Wimbo wa kuachwa ulipata umbo jipya humo. Mwimbaji mmoja alieleza kisa, wenzake wakamwitikia, na mara nyingi mwisho wake ulikuwa onyo: vijana msiige, wanandoa vumilianeni, hasira hasara. DDC Mlimani Park walikuwa na wimbo ulioitwa "Talaka ya Hasira", na jina hilo peke yake ni mahubiri tosha. Wazee wa ukoo walikuwa wamehamia kwenye kiitikio. Anayelia alisikilizwa, halafu akapewa ushauri mbele ya taifa zima.

Wanawake walikuwa wachache jukwaani. Kisa cha mke aliyetelekezwa kilitungwa na mwanamume na kuimbwa na mwanamume, hata pale alipojifanya ndiye mke. Na hata mwimbaji mwanamume hakuwa huru sana, kwa kuwa vyombo havikuwa vyake. Bendi kubwa zilimilikiwa na vyama, mashirika na jumuiya: NUTA na baadaye JUWATA kwa wafanyakazi, umoja wa vijana kwa Vijana Jazz, shirika la maendeleo la jiji kwa Mlimani Park. Mwenye gitaa ndiye aliyeamua kipi kiimbwe. Mwanamuziki aliyefukuzwa bendi aliondoka na sauti yake tu.

Kinanda chavuka mipaka

Wakati huo, huko Japani, bei ya mashine ilikuwa inashuka. Roland walitoa mashine ya ngoma ya TR-808 mwaka 1980. Mwaka 1983 Yamaha walitoa kinanda cha DX7, na mwaka huo huo watengenezaji wakakubaliana lugha moja ya kuunganisha vyombo, iitwayo MIDI, ili kinanda cha kampuni moja kiweze kuamrisha mashine ya nyingine.

Afrika Mashariki nayo ilianza kufunguka. Mpaka wa Kenya ulifunguliwa tena Novemba 1983. Bajeti ya 1984 iliwaruhusu Watanzania wenye fedha zao za kigeni kuagiza bidhaa. Mwaka uliofuata Ali Hassan Mwinyi akashika urais, na watu wakampa jina la Mzee Ruksa. Pamoja na nguo na baiskeli, vinanda vikaanza kuingia. Mwaka 1987 Vijana Jazz ya Hemedi Maneti ilitangulia bendi nyingine nchini kwa kuongeza kinanda na ngoma za umeme.

Taarabu ilikwenda mbali zaidi. Miaka ya 1990 makundi kama East African Melody na TOT yalisukuma taarabu ya kisasa, ambamo kinanda kimoja kilishika kazi ya ganuni, fidla na akodiani. Hesabu ilikuwa rahisi: wapigaji wachache, gari moja, mapato yanagawanywa kwa watu wachache. Kundi la namna hiyo liliweza kuzunguka mikoani na kupiga kwenye ukumbi wowote wenye umeme au jenereta. Na mbele ya kinanda walisimama wanawake. Khadija Kopa na Nasma Khamis waliifanya mipasho kuwa silaha: aliyeachwa hakulia tena, alimcheka aliyemwacha pamoja na huyo mwingine aliyechukuliwa. Mitaa ilijaa maneno ya kuachwa solemba, kuachwa kwenye mataa, kumwagwa na kupigwa kibuti, na yote yakapata mdundo wa kuchezeka.

Ziwani nako mambo yalikuwa yanabadilika. Sangara walianza kusafirishwa Ulaya, viwanda vya minofu vikajengwa Musoma, na fedha taslimu zikamiminika kwenye mialo. Mvuvi aliyehama mwalo kwa mwalo na msichana aliyebaki nyuma walikuwa wasikilizaji tayari wa nyimbo hizi. Kaseti ilinunuliwa mjini, ikanakiliwa, ikachakaa, ikanakiliwa tena.

Kompyuta chumbani

Hatua iliyofuata iliondoa hata kinanda chenyewe. Mwaka 1997 kampuni ya Image-Line ya Ubelgiji ilitoa programu ya FruityLoops, na mtu mwenye kompyuta ya kawaida akaweza kupanga ngoma, besi na nyuzi kwa kubofya. Mwaka huo huo Andy Hildebrand, mhandisi wa Marekani aliyekuwa akichambua mawimbi ya sauti kutafuta mafuta ardhini, alitoa Auto-Tune, programu ya kunyoosha sauti ya mwimbaji. Wimbo ulioitangaza duniani ulikuwa "Believe" wa Cher, mwaka 1998. Nao ni wimbo wa mwanamke aliyeachwa.

Dar es Salaam ilikuwa tayari. Redio na televisheni za watu binafsi zilikuwa zimeruhusiwa, na upande wa ziwa Radio Free Africa ya Mwanza ilisikika vizuri Mara. Maprodyuza kama Master Jay, P-Funk Majani na Mika Mwamba, aliyetoka Finland, walitengeneza sauti ya Bongo Fleva kwa kompyuta. Msanii hakuhitaji tena bendi wala mwajiri. Alihitaji nauli ya kufika studio, fedha ya biti na kisa.

Lady Jaydee, aliyezaliwa Shinyanga mwaka 1979 na ambaye jina lake halisi, Judith Wambura, lina sehemu inayofahamika vizuri Mara, alikuwa miongoni mwa wanawake wa kwanza kutumia mlango huo. Albamu yake ya kwanza iliitwa Machozi. Tangu hapo mwanamke wa Bongo Fleva hakulazimika kungoja mwanamume atunge uchungu wake.

Kisha akaja kijana wa Tandale, Dar es Salaam. Diamond Platnumz alirekodi "Kamwambie" kwa Bob Junior wa Sharobaro Records, akiwa na umri wa miaka 20 hivi. Ameeleza hadharani kwamba wimbo ulitokana na yeye mwenyewe kuachwa na msichana aliyempenda. Mwaka 2010 alitoka kwenye Tuzo za Muziki za Kilimanjaro na tuzo tatu, na wimbo wa "Mbagala" ukafuata njia ile ile. Kilichowashika watu hakikuwa ufundi wa kinanda. Kijana asiye na kitu alikuwa amesimama na kusema kwamba ameachwa kwa sababu hana kitu, na hakuna kiitikio kilichokuja kumpa ushauri. Aliomba ujumbe umfikie mhusika, kama vile wasikilizaji wa redio walivyotuma kadi za salamu miaka mingi kabla.

Hapo ndipo mageuzi yanapoonekana waziwazi. Kwenye litungu mhusika aliimbwa na watu. Kwenye bendi aliimba kwa niaba ya watu. Kwenye kompyuta anaimba peke yake, kwa jina lake, na sauti za kumwitikia ni zake mwenyewe zilizorudiwa na mashine. Tumepata ukweli ambao bendi hazikuweza kuusema. Tumepoteza wale wenzake waliokuwa wakimwambia kwamba si yeye wa kwanza.

Nani atazitunza?

Leo wimbo uliotoka Dar es Salaam juzi unashuka Bunda na abiria wa basi la Mwanza na Musoma, na kabla gari halijafika stendi ya Bweri, Musoma, umeshasambaa kwa simu. Vijana wa Mara hawasikilizi tu. Wanatunga, wanarekodi kwenye vyumba vyenye kompyuta na maikrofoni moja, wengine wakichanganya mlio wa litungu na ngoma za kompyuta, wengine wakiimba kwa Kikurya, Kijita au Kizanaki. Redio za huko huko, kama Victoria FM ya Musoma na Mazingira FM ya Bunda, zimefupisha ile safari ya bendi kwenda Dar es Salaam.

Ila kuna deni. Kanda za Radio Tanzania zimehifadhiwa na mrithi wake, TBC, na kwa sababu hiyo tunaweza kujua bendi za miaka ya 1970 zilipigaje. Ukaguzi ule ule uliowabana wanamuziki ndio uliozifanya nyimbo zao ziandikwe, zipewe namba na kuwekwa kabatini. Wimbo wa kijana wa Butiama anayerekodi leo hauna kabati. Uko kwenye memori kadi, kwenye kompyuta ya prodyuza anayefuta kazi za zamani ili apate nafasi, na kwenye simu itakayobadilishwa mwakani. Butiama ina Makumbusho ya Mwalimu Nyerere, Musoma na Bunda zina redio, na kutunza nakala ya wimbo siku hizi hakuhitaji fedha nyingi kama kununua kinanda miaka ya 1980. Redio inayopokea wimbo wa msanii wa mkoani ingeanza kwa kuandika jina la mtunzi, lugha, studio na tarehe, na kuweka nakala moja isiyofutwa. Mwanahistoria wa Mara wa mwaka 2070 atahitaji kujua watu wa leo waliachwaje, na walilia kwa sauti gani.