Ziara ya Mizabibu ya Saint-Émilion

Ziara ya mizabibu ya Saint-Émilion ni matembezi ya siku moja, yakiongozwa na mwenyeji, katika mashamba yanayouzunguka mji huo ulio kiasi cha kilomita 40 mashariki ya Bordeaux, kusini-magharibi mwa Ufaransa. Kwa kawaida wageni huondoka Bordeaux asubuhi kwa basi dogo na kutembelea mashamba mawili au matatu. Huonyeshwa mizabibu, hasa ya aina za Merlot na Cabernet Franc, kisha vyumba vya kuchachushia zabibu na maghala ambamo divai hukomazwa katika mapipa ya mwaloni. Wakati wa kuonja, mgeni hutazama rangi, hunusa, kisha huisukasuka divai mdomoni. Asiyetaka kuimeza huitema katika chombo maalumu. Muda unaobaki hutumika mjini, penye kanisa kubwa lililochongwa ndani ya mwamba wa chokaa. Mwaka 1999 UNESCO iliuingiza mji huo pamoja na mashamba yake katika orodha ya Urithi wa Dunia. Mavuno hufanyika zaidi Septemba na Oktoba. Sheria ya Ufaransa inakataza kumuuzia pombe mtu aliye chini ya umri wa miaka 18.